Maswali na Majibu: Picha za Maktaba Zina Wenyewe

*Nimeona YouTube mkanda wa Waasia wakiondoka Uganda mwaka 1972. Je, ninaweza kuutumia katika filamu yangu nikimtaja aliyeuweka?* (Mtayarishaji, Jinja)

Hapana, na ninaomba swali hili lisiletwe tena. Aliyeuweka kwa kawaida si mwenye mali, na kumtaja mtu asiye na haki hakukupi wewe haki yoyote. Picha nyingi za tukio lile zilipigwa na mashirika ya habari ya nje, nazo leo hutolewa kwa leseni. Kwanza utapewa nakala ya kutazama tu, yenye jina la mwenye mali limekatiza katikati ya picha. Kisha utaulizwa filamu itaonyeshwa nchi zipi, kwa miaka mingapi, kwa njia gani, na itabakiza sekunde ngapi za mkanda huo baada ya kuhaririwa. Bei hutokana na majibu hayo. Watayarishaji wetu wengi hulipia leseni ya matamasha ya filamu peke yake kwa kuwa ni nafuu, halafu televisheni ya nje inapoitaka filamu hurudi kubembeleza wakati mwenye mali ameshajua kwamba hawana pa kukimbilia. Ulizia bei zote mbili mapema, na uzipate kwa maandishi.

*Nitapata wapi mkanda wa makomando wa Israeli wakishambulia uwanja wa ndege wa Entebbe?* (Mwanafunzi, Makerere)

Usiutafute mtandaoni: vipande vingi vinavyozungushwa huko kwa jina hilo vimekatwa kwenye filamu za kuigiza, ambazo zilianza kutengenezwa mwaka uleule wa shambulio, 1976.

*Je, ni sawa kutafuta picha baada ya kumaliza kuhariri?* (Mwongozaji, Mbale)

Ni sawa, kama una fedha za kuhariri mara ya pili.

*Kwa nini nihangaike na nchi za nje ilhali UBC, shirika la utangazaji la Uganda, ipo?* (Kampala)

Anza hapo hapo UBC, lakini usitarajie kila kitu. Televisheni ya Uganda ilianza mwaka 1963, na enzi hizo vituo vingi duniani vilifuta kanda kwa kurekodi juu yake, kwa kuwa zilikuwa ghali. Hata hivyo, mwaka 2015 kabati la shirika hilohilo lilikutwa na makumi ya maelfu ya negativu (filamu ambazo picha za mnato husafishwa kutoka kwake), nyingi za enzi ya Idi Amin, kwa hiyo usikubali jibu la "hakuna" kutoka kwa mtu ambaye hajafungua kabati.

*Marehemu babu aliacha makopo ya filamu ya milimita 16, nayo yananuka siki. Je, niyatupe?* (Msomaji, Gulu)

La hasha. Harufu hiyo ni ya filamu ya asetati, aina ya plastiki, inayooza, na mvuke wake huambukiza filamu nyingine, kwa hiyo yatenge, uyaweke mahali pakavu, penye ubaridi na hewa, na usithubutu kuipitisha filamu hiyo kwenye projekta, kwani imesinyaa na itachanika. Kabla ya kumpelekea mwenye skana, yaani mashine ya kuinakili filamu kwenye kompyuta, nakili kila neno lililoandikwa kwenye kifuniko na kwenye kikaratasi kilichomo ndani, hasa tarehe na mahali, kwa sababu vikaratasi hivyo ndivyo vinavyopotea kwanza.