Kabla hujamtupa Tabu, kamuulize shangazi

Jumatatu usiku dada mmoja wa Muheza kaniandikia. Ana mtoto wa kike wa siku nne, akika ni Alhamisi, na nyumba imeshagawanyika. Mama mkwe anataka mtoto aitwe Shida, jina la dada yake aliyefariki. Mama wa mtoto mwenyewe kachagua jina kwenye orodha ya intaneti, zile za majina mia tano na maana zake, "na maana yake tamu, Da Tahiya, ni nuru ya alfajiri." Tena mtoto kazaliwa Ijumaa. Bibi zetu wasingegombana hata dakika tano: Mwanajuma, basi, leteni mbuzi.

Kaniuliza mimi kwa sababu mwaka juzi niliandika hapa namna nilivyobadili jina, na wengi wenu mlinipongeza mpaka nikavimba kichwa. Ile makala nilijisifu mno. Kuna mambo nilikuwa siyajui, na mengine niliyajua nikayaruka. Leo nayasema.

Nilizaliwa naitwa Tabu. Tabu Mashaka. Wewe cheka tu, wenzako walianza zamani. Shule ya msingi, mwalimu akiita mahudhurio, "Tabu?", darasa zima linajibu, "Ipo!" Kila asubuhi, miaka saba. Mwalimu naye alikuwa anatabasamu, sijamsahau.

Shule niliivumilia. Kilichonimaliza ni mwaka 2008. Kulikuwa na kijana, sitamtaja, kwao Chumbageni, tumependana mwaka na nusu. Washenga wakaja, baba akapokea barua, mambo yanakwenda. Siku nilipopelekwa kuonana na mama yake, yule mama akaniuliza jina. Nikamwambia. Akauliza la baba. Nikamwambia. Akamgeukia mwanawe, akasema, "Nyumba yangu ina tabu za kutosha, sina pa kuweka nyingine." Watu wakacheka kidogo, kama utani. Yule kijana hakucheka wala hakunitetea, alikuwa anatazama simu. Wiki mbili baadaye barua ikarudi.

Nasema nimesamehe. Nikipita mtaa ule bado navuka ng'ambo ya barabara.

Mwaka 2009 nikaenda kwa wakili, akaniandikia hati ya kubadili jina, ikasajiliwa. Habari za foleni na mihuri nazikata, mnazijua. Nikachagua Tahiya, maana yake salamu, maamkizi. Nililipenda kwa sababu linaanza na T, sahihi yangu isiharibike. Nikajifariji kwa Siti binti Saad: malkia yule wa taarabu alizaliwa Fumba, Unguja, mwaka 1880, akaitwa Mtumwa. Ulimwengu ulipomjua alishakuwa Siti, yaani bibi, mwanamke wa heshima. Nikasema kama Mtumwa kawa Siti, Tabu naye ana haki ya kuwa Tahiya. Na baraka zilikuja, sikatai. Duka likasimama, wateja wakalipenda jina, mume nikampata. Hapo ndipo ile makala yangu ya mwaka juzi iliishia.

Baba akafariki mwaka jana.

Tukakaa kikao cha ukoo, tukaandika muhtasari, kaka yangu akapendekezwa kusimamia mirathi. Kwenye orodha ya warithi shangazi na wazee wakaandika majina wanayoyajua wao. Tulipofika mahakamani karani akaita, "Tabu Mashaka." Nikasimama. Akatazama kitambulisho. "Wewe hapa ni Tahiya. Tabu yuko wapi?" Nikatamani kujibu "Ipo." Cheti cha kuzaliwa kina babu anayeitwa Othmani, kitambulisho kina Athumani, muhtasari una Asumani. Babu ni mmoja, amelala makaburini tangu mimi mdogo, lakini kwenye karatasi alikuwa wazee watatu. Hati ya kubadili jina sikuwa nayo, ilikuwa kwenye begi lililoliwa na mchwa. Kiapo, tarehe nyingine, kiapo kingine. Kaka zangu hawakusema neno, ila nilivyotazamwa nilitazamwa.

Kisha ikaja karatasi ya nyumba. Nyumba yetu ya Ngamiani, hapa Tanga mjini, ina karatasi ya enzi za Mwingereza, imekunjwa mpaka mikunjo imetoboka, na hakuna aliyewahi kuihamisha jina. Kaka akaikunjua mezani. Mwenye nyumba: Tabu binti Farijala.

Sikujua. Miaka yote hiyo nimeishi chini ya dari lile, nimelitukana jina lile chini ya dari lile.

Nikapanda basi la Pangani, nikavuka mto kwa pantoni hadi Bweni kwa shangazi. Hakunipa hata maji, alianza kunisema mlangoni. Tabu binti Farijala ni mama mzaa bibi yangu. Aliuza ng'onda na nazi, akafiwa na mume akiwa kijana, akanunua kiwanja Tanga mjini kwa fedha zake mwenyewe wakati wanaume wengi wa rika lake walikuwa wamepanga chumba. "Wewe hukuitwa Tabu kwa sababu ya tabu," shangazi akaniambia. "Uliitwa kwa sababu yake. Yeye ni somo yako. Mama yako alitaka Zuhura, baba yako akasema huyu ndiye mwenye nyumba amerudi."

Na baba, je? Bibi alizika watoto watatu kabla yake. Wa nne alipozaliwa wakampa jina ambalo mauti yakilisikia yataona hakuna cha maana hapa, yapite. Mashaka. Akaishi hadi kuwa na wajukuu kumi na mmoja. Jina lile lililonikosesha mchumba lilikuwa ngao ya baba yangu. Nililia, siwafichi.

Nikamuuliza habari za Farijala mwenyewe. Nikatoa simu nimrekodi. Shangazi akanyamaza, akaanza kuchambua mchele uliokwisha kuchambuliwa. Nilifahamu kidogo. Farijala ni faraja ya Mwenyezi Mungu, lakini pwani hii majina kama Farijala, Feruzi, Mabruki na Almasi yalipewa sana watu walioletwa kutoka bara wakiwa mali ya wengine. Jina la kwao lilibaki njiani, wakapewa jina jipya zuri na bwana mpya. Utumwa ulifutwa kisheria Tanganyika mwaka 1922 tu. Kwa hiyo jina tamu linaweza kufunika jambo chungu, na jina chungu likawa ni mapenzi matupu. Orodha ya intaneti haikuambii hilo.

Wanaopenda maana nawauliza: mnajua Hadija maana yake nini? Kwa Kiarabu ni mtoto aliyezaliwa kabla ya siku zake, njiti. Fatuma linatokana na kuachishwa ziwa. Bakari ni Abubakari, na bakari ni ngamia mchanga. Nani leo atamkataa binti kwa kuwa anaitwa Njiti? Hadija ni jina tukufu kwa sababu ya bibi aliyelibeba, mke wa Mtume, si kwa sababu ya kamusi. Tabu nalo ni la Kiarabu, taabu, uchovu. Mtu hachoki bure. Aliyenunua kiwanja Ngamiani alichoka.

Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza: uliza jina lilikuwa la nani kabla hujauliza lina maana gani. Wa pili ni huohuo: uliza mapema, wazee wanaondoka.

Halafu kuna hili jambo la jina la tatu, maana nyie mnaofungua biashara na kuomba pasipoti mtakutana nalo. Fomu inasema "jina la ukoo," sisi wa pwani tunaandika la babu. Si jina la ukoo hilo, ni jina la babu tu, na mwanao akikua ataandika lingine, la baba yako. Ndiyo maana ndugu wa damu wawili wa vizazi viwili wanaonekana kwenye karatasi hawajuani. Zamani bin na binti zilionyesha njia. Chukua Abushiri bin Salim al-Harthi, aliyenyongwa hapohapo Pangani Desemba 1889 kwa kuwapinga Wajerumani. Abushiri yeye, Salim baba yake, Harthi ndilo kabila. Ukisoma umejua kila neno linasimama wapi. Makarani wa Kijerumani wenyewe walimwandika Buschiri, kwa hiyo msidhani babu yangu Athumani ni wa kwanza kuharibiwa na kalamu.

Wenzetu wa milimani wana nafuu. Msambaa akikuambia jina linaloanza na She-, kama lile la Barabara ya Shekilango huko Dar es Salaam, amekwishakutajia kwao. Ile She- asili yake ni baba, She-fulani ni baba wa fulani. Na Tanga yetu hii ina majina ya kila pembe, kwani mkonge ulipoletwa mwaka 1893 mashamba yalivuta watu kutoka Tabora, Kigoma na Songea. Ndiyo maana una Kurwa na Doto, majina ya mapacha ya Kinyamwezi, mtaani Makorora na mama yao ni Mdigo kabisa. Usimwambie mtu "wewe si wa hapa" kwa kusoma jina lake. Shaaban Robert, Mwislamu safi wa Vibambani hapahapa Tanga, alizaliwa mwaka 1909 na baba yake akiitwa Robert. Utamweka wapi?

Chagueni herufi zenu pia. Ukiwa Hamisi uwe Hamisi kila mahali, si Khamis benki na Hamis shuleni. Nakariri: kila mahali. Mtoto akiandikishwa shule, mzazi nenda mwenyewe na cheti mkononi, usimtume jirani. Na hati zenu za zamani msiweke kwenye begi.

Najua wapo mtakaosema, Da Tahiya, sasa utarudi kuwa Tabu? Kitambulisho kinasema Tahiya na sina nguvu ya kurudi kwenye foleni ile. Lakini kibao cha duka nimemwambia fundi aongeze, chini, kwa herufi ndogo, binti Tabu. Sarufi yake inalegalega kidogo, mimi ni kitukuu, lakini nimependa linavyosomeka.

Yule dada wa Muheza nilimjibu kwa swali: huyo Shida, dada wa mama mkwe, alikuwa mtu gani? Alifanya nini hata anakumbukwa hivi? Kamuulize leo usiku, mkae jikoni wawili, mumeo asiwepo. Mtoto anaweza kuwa na majina mawili, la cheti na la nyumbani, sisi wa pwani tumeishi hivyo siku zote. Ila usimruhusu mtu yeyote, hata mama mkwe, amcheke mtoto wako kwa jina lake. Hata kwa utani. Ameusoma ujumbe, hajajibu bado.

Mimi nangoja mfungo uishe nirudi Bweni. Shangazi kasema habari za Farijala atanipa, ila nije peke yangu, na simu niiache Tanga.