Stika imeisha, na tiketi ninayo mkononi

Swali: Shikamoo mama. Nimehamia Houston kutoka Tanzania mwaka jana. Nina Corolla ya 2014 niliyonunua kwa mtu binafsi. Juzi nikitoka zamu ya usiku askari alinisimamisha, akanionyesha kuwa stika ya usajili kwenye kioo cha mbele imeisha miezi miwili iliyopita, akanipa tiketi. Mwenzangu kazini anasema nilipe kwa simu yaishe. Mwingine anamjua kijana anayeuza stika. Mahakama naiogopa. Nifanye nini? – S., Houston

Jibu: Marahaba mwanangu. Kwanza, usilipe hiyo tiketi. Ukilipa umekiri kosa, na ukishakiri mlango wa kufutiwa kesi umefungwa. Mimi nakaa kaunta ya bima ya magari hapa kusini-magharibi ya jiji, na kinachoniuma ni kwamba watu wetu wengi hunifikia wakiwa wameshalipa. Wanaona mahakama, wanaona askari, wanatoa pesa ambayo huenda wasingeitoa.

Sheria ya Texas inasemaje? Stika ikiisha unaongezewa siku tano za kazi, Jumamosi na Jumapili hazihesabiwi. Baada ya hapo ukikamatwa barabarani, faini inaweza kufika dola 200, na gharama za mahakama ziko juu yake. Lakini sheria hiyohiyo inampa hakimu ruhusa ya kufuta kesi ikiwa umehuisha usajili ndani ya siku 20 za kazi tangu siku ya kosa, au kabla ya tarehe yako ya kwanza ya kufika mahakamani, ile itakayochelewa zaidi. Ukifutiwa, mahakama inaweza kukutoza ada isiyozidi dola 20. Hakimu halazimiki kufuta, lakini usimnyime nafasi hiyo kwa kulipa mapema.

Sasa kazi yenyewe. Uko kaunti ya Harris, na hii ni moja ya kaunti 17 ambazo gari la petroli lenye umri wa miaka miwili hadi 24 lazima lipimwe moshi kila mwaka. Ukaguzi ule wa breki, taa na matairi ulifutwa kwa magari ya kawaida tangu Januari 1, 2025, ndiyo maana unasikia watu wakisema siku hizi hakuna ukaguzi. Kwako ule wa moshi bado upo. Fundi atachomeka kifaa kwenye kompyuta ya gari. Taa ya injini ikiwa inawaka kwenye dashibodi, umefeli. Na kama betri ilitolewa juzijuzi, au kuna mtu aliizima hiyo taa kwa mashine, kompyuta itakuwa haijamaliza kujipima na bado utafeli. Kwa hiyo shughulikia taa hiyo wiki hii, maana siku 20 zinakwenda upesi ukianza kuzunguka gereji.

Ukishapita, nenda na karatasi ya bima na kitambulisho kwenye ofisi ya kodi ya kaunti. Nenda mwenyewe, kwa sababu aliyepewa tiketi hahuishi mtandaoni wala kwenye supamaketi. Ada ya msingi ya gari dogo ni dola 50.75, kisha dola 7.50 iliyobaki mahali pa ule ukaguzi uliofutwa, na vijiada vya kaunti. Kwa kuwa ulishakamatwa, utaongezewa asilimia 20 ya ada ya usajili. Usibishane na karani kuhusu hiyo asilimia 20, maana hakimu atataka kuona umeilipa. Yote pamoja, bila ya kupima moshi, haifiki dola 100.

Risiti hiyo ndiyo silaha yako. Tengeneza nakala, uipeleke kwenye mahakama iliyoandikwa kwenye tiketi, uombe kesi ifutwe. Kosa hili ni la faini tu, halina kifungo. Kama Kiingereza kinakupa shida, omba mkalimani mapema. Ni haki yako. Cha kuogopa ni kutokwenda. Tarehe ikipita kimya, hakimu anaweza kutoa hati ya kukukamata, na leseni yako ya udereva inaweza kukataliwa siku ya kuhuisha. Hapo dola 20 inakuwa balaa.

Na huyo kijana wa stika, mwepuke kabisa. Askari akiingiza namba za gari kwenye kompyuta anaona usajili uliisha lini, hata kioo kikionyesha mwaka mwingine. Stika ya kughushi ni kosa zito kuliko stika iliyoisha, na kwa mgeni ambaye karatasi zake za uhamiaji bado zinashughulikiwa, sitaki hata kulifikiria.

Nimejiuliza kwa nini hukuiona tarehe ikija. Tanzania ada ya leseni ya gari ya kila mwaka iliondolewa mwaka 2017, tukawa tunailipa kidogokidogo ndani ya bei ya mafuta, shilingi 40 kwa lita. Dereva wa nyumbani hana tena hesabu hiyo kichwani. Halafu umesema gari ulinunua kwa mtu. Je, hati ya umiliki wa gari imeshakuwa kwa jina lako? Barua ya kukumbusha hutumwa kwenye anwani iliyoko kwenye kumbukumbu za gari; kama bado ni ya muuzaji, yeye ndiye aliyeipokea. Kubadilisha umiliki kunatakiwa ndani ya siku 30 tangu kununua, na kuchelewa kuna adhabu yake. Kama hujabadilisha, anza na hilo ukifika kaunta ya ofisi ya kodi.

Swali: Nimelipia mtandaoni kabla ya tarehe, lakini stika haijafika kwa posta na ya zamani imeisha. Naruhusiwa kuendesha? – Mama K., Dallas

Jibu: Ndiyo. Chapisha risiti uiweke ndani ya gari. Ni uthibitisho wa usajili kwa siku 31 tangu tarehe iliyo juu yake. Siku hizo zikikaribia kwisha na bahasha haijafika, nenda ofisi ya kodi ya kaunti.

Swali: Nimehama Ohio kuja Fort Worth na gari langu. Namba za Ohio bado zina miezi minane. Si nisubiri ziishe? – Baraka

Jibu: Hapana, Baraka. Mkazi mpya wa Texas ana siku 30 tu, hata kama namba zake za zamani bado ni hai. Tafuta kwanza bima ya Texas, pima moshi kwa sababu kaunti ya Tarrant nayo imo katika zile 17, kisha nenda na hati ya gari kwenye ofisi ya kodi. Tenga pia dola 90 za kodi ya mkazi mpya. Wengi huishtukia wakiwa kaunta.