Anzeni kwenye bomba la udhu

Vijana wa misikiti mingine huniuliza waanzie wapi wakitaka waumini wayajali mazingira kwa imani, na wengi hutegemea nitawaambia waandae mhadhara, wachapishe bango na wamwalike mgeni rasmi. Nawajibu: anzeni kwenye bomba la udhu. Mhadhara utafuata, na pengine hata hautahitajika.

Mimi ni mtu wa Pemba, na nimekaa kwenye kamati ya msikiti wa mtaani kwetu muda wa kutosha kujua kuwa watu hawakupungukiwa na aya. Nani hajasikia kwamba mwanadamu kawekwa khalifa, yaani msimamizi, katika ardhi? Aya ya Surat Rum, ile ya ufisadi kudhihiri bara na baharini kwa yale yaliyofanywa na mikono ya watu, inasomwa kwenye khutba na watu wanainamisha vichwa. Kisha adhana ya alasiri inalia, tunakwenda bombani, tunafungua mpaka mwisho, na huku maji yanamwagika tunaulizana matokeo ya mpira.

Siku moja nilitia ndoo ya lita kumi chini ya bomba la kijana mmoja wetu, kwa ridhaa yake, atawadhe kama alivyozoea. Kabla hajafika miguuni ndoo ilikaribia kujaa. Sasa chukua hadithi sahihi: Mtume (S.A.W.) alikuwa akitawadha kwa mudi moja, yaani kibaba, na akikoga kwa pishi moja, yaani mudi nne, mpaka mudi tano. Kibaba hakifiki lita. Yule kijana aliitazama ndoo, akacheka, akasema, "Maalim, hapa wangekoga watu wawili." Sikumwongezea neno.

Tulichofanya ni kitu kidogo. Tuliweka makopo ya lita moja pembeni ya mabomba, tukamwomba imamu na wazee watangulie kuyatumia. Hilo la wazee msilipuuze. Kijana akianza yeye, ataambiwa amekuja na mambo ya semina. Akianza mzee, inakuwa ni kurudi kwenye ada, maana misikiti ya zamani ya pwani ilikuwa na birika na kata ya kifuu. Mzee mmoja aliniambia, "Sisi mwanangu tulikuwa tukiteka kwa kata, na kila kata unaiona inavyokwisha." Wenye wasiwasi wa tohara, wale wanaorudia kuosha mkono mara saba, waendeeni polepole. Wakumbusheni kuwa kuosha zaidi ya mara tatu kumekatazwa, na kwamba maji mengi hayaongezi tohara. Msiwafokee mbele za watu.

Kuna jambo sikulitegemea, nalo ndilo linanifanya niandike. Ukitawadha kwa kopo huwezi kupiga soga. Maji ni haba, unayafuata kwa macho: kiganja, mdomo, pua, uso. Unajua yamefika wapi na yamebaki kiasi gani. Ukisimama kuswali, moyo umeshatulia zamani. Masheikh wetu wanatueleza sana khushui, ule unyenyekevu wa moyo, ndani ya swala, ila kwangu mimi ilianzia nje, pale kwenye sakafu ya maji. Ndiyo maana nasema kujali maumbile si somo la ziada la kubandikwa juu ya dini. Qur'ani inatuambia hakuna kitu ila kinamsabihi Mola wake kwa sifa zake. Basi na hayo maji yanamsabihi, nawe unayamwaga.

Maji yetu ya udhu tuliyaelekeza kwenye migomba nyuma ya msikiti. Hayana sabuni, hayahitaji chochote zaidi ya mfereji na jembe.

Likishazoeleka la bomba, tokeni nje, mwende kwanza mahali ambapo watu tayari wanapaheshimu. Kwetu mfano ni Misali, kisiwa kidogo magharibi ya Pemba. Wavuvi wanasimulia kuwa Nabii Khidhri alifika pale akaomba msala wa kuswalia, ukakosekana, akasema kisiwa chenyewe ni mfano wa msala, ndiko lilikotoka jina Misali. Kilipofanywa eneo la hifadhi mwaka 1998, sehemu moja ya bahari yake ilifungwa isivuliwe na nyingine ikaachwa wazi kwa wavuvi. Baadaye taasisi ya Kiislamu ya mazingira kutoka Uingereza, iliyoasishwa na Fazlun Khalid, ilikuja kufundisha uhifadhi kwa Qur'ani na Sunna. Mvuvi ambaye tangazo la serikali lilikuwa halimshughulishi, alipoelezwa kuwa kuvua kwa baruti kunaua hata makinda ya samaki ambayo hakuyakusudia, na kwamba viumbe wale ni umma mfano wetu, alisikiliza vingine kabisa.

Lakini msiigeuze dini kuwa askari wa doria. Mvuvi ana nyumba inayomngoja. Ukimwambia aache juya, ule wavu wa kukokota, na huna la kumsaidia apate ngarawa au dema, mtego wa kusuka, aya yako ataiona ni ya mtu aliyeshiba. Na mkimsema yeye, wasemeni pia wakubwa wanaoiharibu bahari.

Kwenye kupanda, nina maneno mawili tu. Mikoko msiichomeke popote penye tope kwa ajili ya picha. Waulizeni wazee ilikuwa imesimama wapi kabla haijakatwa, mpande hapo hapo. Mingi niliyoona ikifa ilipandwa mahali ambapo haikuwahi kuwapo. Na miti ya nchi kavu, iwekeni wakfu, yaani itolewe kwa ajili ya Mungu, isiuzwe wala kurithiwa. Mababu zetu waliacha minazi ya wakfu ambayo mazao yake yanatia taa misikiti, na mtu hujifikiria mara mbili kabla ya kushika panga penye wakfu. Mwembe ukiandikwa kwa jina la marehemu wa familia, hiyo familia ndiyo itakayoumwagilia kiangazi, na thawabu zinakwenda: anachokula mtu, ndege au mnyama katika ulichopanda ni sadaka yako.

Posho ya kuhudhuria msilipe. Nimeona miradi ikifa wiki ile ile posho zilipokwisha.

Ramadhani ikikaribia, shughulikieni futari mapema, maana chupa za plastiki za usiku mmoja zinajaza polo zima na nyingi huishia baharini. Wafadhili huleta katoni za maji kwa nia njema, kwa hivyo msizikatae, mtawavunja moyo. Kaeni nao tangu Shaaban, mwezi unaotangulia Ramadhani, muwaombe thamani ile ile walete majagi na vikombe vya bati, kisha mpange zamu ya kuviosha. Kwetu zamu ya kwanza walipewa wajumbe wa kamati.