Maswali na Majibu: Nguvu Inayooza Ina Hesabu Zake

Watunzi wa fantasia wamependa sana uchawi unaooza: jiwe la nguvu linalojila lenyewe karne hadi karne na kuua kila alisogeleaye. Anayetaka msomaji amwamini aangalie kwanza jinsi atomu zinavyovunjika kweli, yaani zinavyooza, na kutoa miali isiyoonekana.

Jiwe langu lina nusumaisha ya miaka 100. Baada ya miaka 200 limekwisha, sivyo?

Halijaisha! Nusumaisha ni muda ambao nusu ya atomu zilizopo huoza. Swali hili linarudi kila mara, na jibu lake linahitaji kugawa kwa mbili tu. Baada ya miaka 100 imebaki nusu, 200 robo, 300 sehemu moja ya nane. Zikipita nusumaisha kumi, yaani miaka 1,000, imebaki sehemu moja kati ya 1,024. Kama mwanzoni jiwe lilikuwa na nguvu ya kuua mji mzima, hicho kilichobaki bado chaweza kumwua anayelala nalo chumbani. Kwa hiyo kabla hujaandika sura ya kwanza, amua jiwe lilianza na nguvu kiasi gani. Wengi hawaamui, halafu sura ya ishirini inapingana na ya tatu.

Nguvu inayodumu mamilioni ya miaka si ndiyo ya kutisha zaidi?

Kwa uzito uleule, ni kinyume chake. Kinachodumu sana kinatoa nguvu yake kidogo kidogo. Uraniamu-238, metali inayooza, ina nusumaisha ya miaka bilioni 4.5, na miali yake ni hafifu. Poloniamu-210, nyingine ya aina hiyo, ina siku 138 tu. Kiasi kidogo kuliko punje ya chumvi, kikimezwa, chaweza kuua. Laana ya milele isiyopungua ukali hata chembe haiozi. Itafutie jina jingine.

Sumu yangu ing'ae kijani?

Naomba tuachane na kijani. Miali yenyewe haionekani. Rangi hiyo ilitoka kwenye saa za zamani zilizopakwa radiamu, metali nyingine inayooza, iliyochanganywa na zinki salfaidi: miali iligonga zinki, zinki ikang'aa. Zinki huchoka baada ya miaka kadhaa, ilhali radiamu-226 ina nusumaisha ya miaka 1,600. Saa imezima, hatari iko palepale. Hilo peke yake linatosha kubeba riwaya nzima.

Ukitaka mwanga kwa lazima, uwe chambo. Mwaka 1987 huko Goiânia, Brazil, watafutaji wa vyuma chakavu walichukua mashine ya tiba iliyoachwa katika kliniki iliyohamwa. Ndani mlikuwa na siziamu-137, unga uliotoa mwanga wa buluu gizani. Watu waliupeleka nyumbani, wakagawiana na ndugu, wakajipaka mwilini. Wanne walikufa, akiwemo mtoto wa miaka sita aliyekula huku mikono yake ina unga huo. Tazama mpangilio wake: uzuri kwanza, zawadi, kisha msiba. Hapakuwa na mwovu yeyote katika kisa hicho, na wala hakuhitajika.

Shujaa akipigwa na nguvu hiyo, afe palepale?

Unatupa sehemu yenye uzito kuliko zote. Aliyepata kipimo kikubwa cha miali huanza kutapika ndani ya saa chache, na kadiri anavyowahi kutapika ndivyo kipimo kilivyokuwa kikubwa. Kisha hupata nafuu. Anakula, anazungumza, anadhani amepona, na hali hiyo yaweza kudumu siku kadhaa hata wiki. Kumbe uboho wa mifupa umeshindwa kutengeneza chembe mpya za damu. Zile za zamani zikiisha, nywele zinadondoka, fizi zinatoka damu, na kidonda kidogo kinaoza kwa sababu mwili hauna kinga. Mganga wako anayejua haya atahesabu saa tangu tapishi la kwanza, na hatafurahia nafuu ya siku ya tatu.

Je, ataambukiza wenzake?

Kama alipigwa na miali tu, hapana. Kama ana vumbi mwilini, ndiyo, vumbi linahama. Avuliwe nguo taratibu zisikung'utwe, zifungwe mbali na watu, kisha aoshwe kwa sabuni na maji ya uvuguvugu bila kusugua, maana ngozi iliyochubuka inaingiza sumu ndani. Ukichanganya hali hizi mbili, wanakijiji wako watamkimbia mgonjwa asiye na hatari yoyote kwao.

Ngao gani itamlinda?

Umbali kwanza. Akisimama mara mbili zaidi mbali na jiwe, anapata robo ya miali. Halafu muda: aingie, atende, atoke. Kizuizi kinategemea aina ya miali. Ya alfa, isiyopenya mbali, huzuiwa na karatasi, lakini chanzo chake kikivutwa mapafuni hakuna karatasi huko. Kwa miali ya gama, inayopenya sana, ya siziamu-137, milimita sita hivi za madini ya risasi huipunguza kwa nusu, na sentimita sita huiacha karibu sehemu moja ya elfu. Ni kugawa kwa mbili kulekule.

Tukilichoma moto?

Moto haubadilishi kasi ya kuoza. Unageuza jiwe kuwa moshi.

Na likifungiwa kwenye sanduku karne nyingi?

Uliza kwanza linaoza kuwa nini. Radiamu huzaa radoni, gesi isiyo na rangi wala harufu yenye nusumaisha ya siku 3.8, nayo huzaa poloniamu inayonata kwenye vumbi na mapafu. Anayefungua kifuniko anavuta gesi hiyo kabla hajaliona jiwe.