Uso kwanza, sauti baadaye

SWALI: Shikamoo Bibi. Naigiza kwenye kikundi chetu cha maigizo hapa Mikindani. Mwongozaji mmoja aliyekuja kutafuta wasanii wa filamu alinikataa, akasema sauti yangu nzito na sura yangu haifai kwa kamera. Mwalimu wangu akanitajia Asta Nielsen wa Denmark. Alikuwa nani, na alifikaje alikofika?
Msomaji, Mikindani

JIBU: Marahaba mwanangu. Mwalimu wako kakutajia mtu hasa.

Asta alizaliwa Copenhagen mwaka 1881. Baba yake mhunzi, mara nyingi hana kazi. Mama alikuwa akifulia watu nguo. Mwaka 1901 alizaa binti bila kuolewa, akamlea hivyo hivyo huku akiendelea na sanaa. Alisomea uigizaji kwenye Jumba la Kifalme la Maigizo, akapanda majukwaa kwa miaka kadhaa, lakini nafasi kubwa alizozitaka hazikuja.

Hakukaa kuzisubiri. Mwaka 1910 yeye na Urban Gad, ambaye baadaye alikuja kumuoa, wakatengeneza filamu yao, Afgrunden. Filamu za wakati huo hazikuwa na sauti. Itafute kwenye intaneti, haifiki hata saa moja. Wengi huisimulia ile ngoma anayomfunga mwanaume kwa kamba akimzungukia kwa kiuno. Mimi nakuomba utazame mwisho. Ameshaua, askari wanamshusha ngazi, naye halii, hapigi kelele, hajishiki kichwa. Anatembea kama hayupo. Nimeirudia mara nyingi na bado inanibana kifua.

Hapo ndipo pana somo lako. Nyie mnacheza uwanjani, na aliyesimama nyuma kabisa chini ya mkorosho lazima aone unachofanya, ndiyo maana mikono inarushwa na macho yanakodolewa. Kamera iko hatua mbili kutoka usoni kwako. Asta alilijua hilo mapema kuliko wengi, akapunguza.

Ujerumani wakamchukua, na huko ndiko alikotengenezea nyingi ya filamu zake zaidi ya 70. Mwaka 1921 alicheza Hamlet, yule wa tamthilia ya Shakespeare, kupitia kampuni yake mwenyewe, ila hapo Hamlet ni mtoto wa kike anayelelewa kama mwana wa mfalme ili kiti cha enzi kisipotee. Filamu ya kuongea alicheza moja tu, mwaka 1932, kisha akarudi jukwaani. Alifariki mwaka 1972.

Wewe sauti utaihitaji, zama zimebadilika. Ila hiyo nzito usiibane iwe nyembamba. Ukifanya hivyo utasikika muongo. Mama mkwe, hakimu, nahodha wa jahazi, wote wanaitaka.

Jioni moja mpe mwenzako simu akurekodi umekaa barazani, unapokea habari ya msiba. Usiseme neno, usiguse uso. Itazameni pamoja, mrudie mpaka macho yako peke yake yaeleweke. Mwongozaji mwingine akija, mwonyeshe hiyo kabla hujafungua mdomo.