Jinsi ya kulitambua yungiyungi dogo la manjano la Uskoti

Ndugu, umeuliza iwapo yungiyungi dogo la manjano uliloliona katika ziwa la Uskoti ni spishi ya pekee au ni lile la kawaida ambalo halijakomaa. Ipo spishi kamili ya namna hiyo, Nuphar pumila, ijapokuwa udogo peke yake hautoshi kuitambua. Tazama stigma, ile sahani iliyo katikati ya ua: katika Nuphar pumila ukingo wake umechongoka kama nyota, ilhali katika Nuphar lutea, yaani lile la kawaida, ni duara lisilo na meno. Sehemu za manjano zinazovutia macho ni sepali, yaani vijani vya nje vya ua. Petali zenyewe ni ndogo mno na zimefichika ndani.

Mmea huu hupenda maji matulivu yasiyo na virutubisho vingi, na ndiyo sababu mbolea inayotiririka kutoka mashambani huudhuru. Shina lake hulala ndani ya tope lisilo na oksijeni. Mwaka 1980, mtafiti John Dacey alionyesha, kwa kuchunguza yungiyungi la Marekani lililo jamaa ya mmea huu, kwamba hewa huingia kupitia majani machanga, hushuka hadi kwenye shina hilo, kisha hupanda na kutokea kwenye majani yaliyozeeka. Kwangu mimi, hakuna jambo la kustaajabisha zaidi katika mimea ya majini.

Hatari nyingine ni uchotara. Spishi hizi mbili zikikutana huzaa Nuphar × spenneriana, ambayo huota hata Northumberland, Uingereza, mahali ambapo mzazi wake mmoja, Nuphar pumila, hapatikani. Kwa hiyo, ikiwa ukingo wa stigma uliyoiona una mawimbi hafifu tu, yamkini ni chotara.