Godzilla wa zamani: mashine au mtu?

SWALI: Mhariri, kijiweni kwetu tunabishana. Yule Godzilla, dubwana la filamu za zamani za Kijapani, alikuwa mashine au mtu? – Msomaji, Temeke

JIBU: Mtu, ndugu yetu, aliyesema mashine awanunulie kahawa. Mwigizaji Haruo Nakajima alilivaa vazi la dubwana hilo kuanzia 1954 hadi 1972, filamu 12. La kwanza lilikaribia kilo 100. Ule mwendo mzito ni ujanja wa kamera: ukipiga picha 72 kwa sekunde ukazionyesha 24, hatua ya sekunde moja huchukua tatu. Tatizo, kila picha hupata mwanga kidogo, basi taa huongezwa na aliyemo ndani huokwa. Mwaka huohuo wa 1954 Nakajima alicheza pia jambazi katika filamu ya Seven Samurai, safari hii uso wazi.